Hoi An kwa Baiskeli: Mwenzangu, Acha Tu!

Mwenzangu, kaa chini. Au la, usikae, simama, tafuta viatu vyako kabisa, maana nikimaliza kukusimulia utataka kuondoka leo leo! Ndiyo kwanza nimeteremka kwenye baiskeli. Mapaja yananicheza, uso umebabuka kwa jua, nywele zinanuka mrehani na moshi wa kuni, na moyo, wallahi, bado unanyonga wenyewe. Nimezungushwa mashambani Vietnam, pembezoni mwa mji wa Hoi An, katika ziara ya kuongozwa. Ndiyo, ya kuongozwa, usikunje uso! Tamu. Tamu mno, tamu ya kupindukia, tamu ya kukufanya ucheke peke yako njiani mpaka bata wakushangae. Na bado!

Hoi An wenyewe umeshauona kwenye picha. Zile taa za hariri za kila rangi, zile kuta za manjano, lile daraja la Wajapani lenye paa lililoanza kujengwa mwaka 1593. UNESCO waliutia mji mkongwe kwenye orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1999, mwaka mmoja kabla ya Mji Mkongwe wa Unguja, na tangu hapo watu wanajazana humo pomoni, kila mmoja na simu juu. Ni mji mzuri, sibishi. Lakini geuza usukani! Upite duka la mwisho la fundi cherehani, upite wauza matunda, ukate kona moja nyembamba kati ya nyumba mbili ambayo peke yako usingeiona hata kwa dawa, kisha... kijani! Kijani kila upande, kijani kinachometa, kijani kinachopumua, hakuna ukuta, hakuna duka, hakuna mtu wa kukuuzia sumaku ya friji. Nilipiga ukelele. Kweli nilipiga ukelele, na mwongozaji wetu akacheka bila kugeuka nyuma, nadhani ameshazoea.

Nikuambie kwanza habari za huyu mwongozaji, maana yeye ndiye ziara yenyewe. Binti wa kule kule, kajifunika gubigubi dhidi ya jua: glavu hadi kwenye viwiko, barakoa ya kitambaa, kofia ya chonge ya majani, yaani unayaona macho tu. Swali lake la kwanza kwangu halikuwa jina, lilikuwa umri! Kule ndivyo wanavyofanya, wanataka kujua wewe ni mkubwa au mdogo kwao ili wakuite ipasavyo, dada mkubwa au mdogo wangu au shangazi, na mtu wa pwani aliyelelewa kwa shikamoo anaelewa papo hapo. Kwa hiyo nikawa dada mkubwa. Na dada mkubwa haachwi nyuma, haachwi na kiu, haachwi kupita kibanda cha miwa bila kununuliwa bilauri. Nilijiona malkia juu ya matairi mawili!

Baiskeli? Usiniulize ya aina gani, sijui wala sitaki kujua. Ina kikapu mbele, ina kengele, kiti hakiumizi, basi. Nchi yenyewe ni tambarare tupu, iko kwenye mdomo wa mto Thu Bon, na ukinyonga kidogo tu baiskeli inateleza yenyewe, laini lororo, upepo unaingia kwenye mikono ya shati, unasikia vyura, unasikia maji yakipita kwenye mifereji, unasikia redio ya mtu ndani ya nyumba na kijiko kikigonga sufuria. Ndani ya basi usingesikia kitu. Kwa miguu jua lingekukausha kabla hujafika popote. Baiskeli ndiyo, ndiyo haswa, ndiyo mwendo ambao harufu inakufikia, inakuzunguka, na unapata muda wa kugeuza shingo kuuliza, "Hiyo nini?"

Na harufu ya kwanza ilikuwa mpunga. Nimefika wakati mavuno yanaanza, kwa hiyo jaruba hili limeiva dhahabu, lile bado lina ukijani, la tatu limeshakatwa na mabua yanavuta moshi mwembamba mweupe. Kereng'ende wamejaa hewani! Yangeyange, weupe pepepe, wanatembea nyuma ya nyati wa kufugwa wakiokota vidudu, na nyati mwenyewe amelala kwenye tope hadi mabegani, pua tu na pembe, anakutazama kwa dharau ya mtu aliyemaliza kazi zake. Nilisimama kumtazama. Tulitazamana. Nyati alishinda.

Halafu ghafla njia inakuwa ya mchele! Nisikilize vizuri. Watu wanaanika mpunga juu ya lami, umetandazwa nusu nzima ya barabara, na mama mmoja mwenye kofia ya chonge anatembea peku katikati yake akiuvuruga kwa reki, mistari mirefu, mirefu, iliyonyooka ajabu. Pikipiki zinaukwepa. Baiskeli zinaukwepa. Kila mtu anaukwepa kwa adabu, hakuna anayefoka, kwa sababu barabara leo ni uwanja wa kuanikia na kesho itakuwa barabara tena. Honi nazo zinalia kutwa, pii, pii, lakini si za hasira hata kidogo. Mtu anakujulisha tu kwamba yuko nyuma yako. Ukishalielewa hilo unaanza kupiga kengele yako na wewe. Nilipiga mno. Nilipiga hata pasipokuwa na mtu.

Tulipoegemeza baiskeli chini ya mti, binti akatueleza kitu kilichonifanya niyatazame upya yale majaruba. Miaka ya 1980 nchi hii ilikuwa inaagiza chakula kutoka nje. Serikali ikalegeza mambo kwa yale mageuzi ya mwaka 1986 wanayoyaita Doi Moi, familia zikapewa mashamba yao ya kulima na kuuza zenyewe, na mwaka 1989, miaka mitatu tu baadaye, Vietnam ikawa inauza mchele nje kwa zaidi ya tani milioni moja. Leo iko miongoni mwa wauzaji wakubwa kabisa duniani! Alituambia hayo akiwa amechutama anatafuna punje mbichi ya mpunga, akanipa na mimi nitafune. Maziwa! Punje ambayo haijakomaa ina maziwa ndani, matamu, mepesi, na mimi na ubwabwa wangu wote niliokula tangu utotoni sikuwahi kujua.

Na makaburi! Katikati ya mpunga kuna makaburi, yamejengwa vizuri, mengine yamepakwa rangi, na wakulima wanalima kuyazunguka bila wasiwasi, wazee wako pale pale na familia. Kaburi moja lilinishika roho. Ni la mfanyabiashara wa Kijapani, Tani Yajirobei, aliyefariki mwaka 1647. Enzi hizo Hoi An ilikuwa bandari kubwa ya pepo za msimu, Wajapani na Wachina wana mitaa yao, meli zinapishana. Mfalme wa kijeshi wa Japani akawafungia watu wake biashara ya nje, akawaita nyumbani. Watu wanasimulia kwamba Tani aliondoka, lakini kulikuwa na mwanamke aliyempenda hapa, akarudi kumfuata, na ndiyo amelala huku mpaka leo, kaburi limeelekezwa kaskazini mashariki, kwao Japani. Unafika kwa njia nyembamba kati ya mpunga pande zote mbili, ukiyumba kidogo unaingia majini chubwi! Hakuna geti, hakuna umati, kuna vijiti vya ubani na chura mmoja. Mimi ningelikuwa na nguvu ningekuwa nimeshaandika tamthilia.

Haya, shika pumzi, sasa Tra Que! Ee Mola, Tra Que. Hiki ni kijiji cha mboga. Kiko kati ya mto na ufuo wa An Bang, na kabla hujakiona pua inakwambia umefika. Mrehani unakupiga kwanza. Halafu nanaa. Halafu kotmiri, mchaichai, vitunguu majani, na majani mengine ya zambarau chini, kijani juu, yanayonuka kitu kati ya limau na bizari ambacho sijapata kukinusa. Matuta yamepangwa kwa uzi, udongo mchanga mtupu, mwepesi unapita vidoleni, na unajiuliza mchanga huu unaoteshaje vitu hivi vyote? Mwani! Wanavuna majani ya majini mtoni na kwenye ziwa dogo lililo jirani, wanayafukia kwenye tuta, yanaoza, yanakuwa mbolea. Wamefanya hivyo karne na karne. Nikawafikiria kina mama wa Paje na Jambiani wanaokausha mwani wao na kuusafirisha ng'ambo, na huku wenzao wanauzika chini ya bilinganya na saladi! Mwaka 2024 shirika la Umoja wa Mataifa la utalii lilikitaja Tra Que kuwa mojawapo ya vijiji bora vya utalii duniani, na kusema kweli hawakukosea, ingawa nina wivu na nataka kijiji kibaki vilevile.

Mzee mmoja, kakonda, ana meno machache na kicheko kikubwa, akanivisha mzega. Kweli! Mti begani, ndoo mbili za kumwagilia, moja kila upande, zimejaa maji, na kila ndoo ina mdomo mrefu wa kunyunyizia. Unatembea katikati ya matuta, unainamisha ndoo zote mbili kwa pamoja, na mvua inashuka kulia na kushoto kwa mpigo mmoja. Yeye anatembea anacheza ngoma. Mimi nilimwagilia viatu vyangu, nikamwagilia viatu vya Mjerumani mmoja, na mchicha ukaambulia kidogo. Jinsi tulivyocheka! Mgongo wangu ulilia, lakini utamu wa maji baridi yakichuruzika miguuni juani siwezi kukueleza.

Kisha wakatukalisha barazani na kutuosha miguu. Beseni la maji ya moto, mchaichai umepondwa ndani, tangawizi, chumvi, sijui nini tena, na ukitumbukiza nyayo zilizochoka, aaah. Aaaaah! Harufu inapanda hadi kwenye ubongo. Mimi ni mtu wa maneno mengi, unanijua, na hapo nilinyamaza jii.

Sekunde chache hivi. Kisha chakula kikaja nikaanza tena.

Banh xeo! Uji mwepesi wa unga wa mchele na manjano unamwagwa kwenye kikaango chenye moto mkali, unalia chwaaa, kamba wadogo ndani, chipukizi za choroko, ukunje, ukingo unakauka unakuwa mkavu wa kuvunjika. Halafu, hapa ndipo raha ilipo, huuli kwa kijiko. Unachukua karatasi ya mchele, nyembamba unaona vidole vyako ng'ambo ya pili, unaweka kipande, unarundika majani yale yale uliyoyamwagilia muda mfupi uliopita, chekwa, usione haya, unaviringa, unachovya kwenye mchuzi. Nje laini, ndani kakaka, katikati ubaridi wa nanaa, halafu pilipili inafika mwisho inakupiga kibao. Nilikula mpaka mwenye nyumba akaniletea nyingine bila kuombwa. Tahadhari moja ya kindugu: nguruwe yuko kila mahali, ndani ya hiki, juu ya kile, kwenye cao lau maarufu ya mjini pia. Kama huli, mwambie mwongozaji tangu usiku wa kuamkia ziara. Hawashangai kabisa! Wabudha wengi kule hula mboga tupu kila siku ya kwanza na ya kumi na tano ya mwezi mwandamo, kwa hiyo mapishi yasiyo na nyama wanayajua kwelikweli, na wala hayapikwi kwa huruma.

Upande wa pili wa mto, ng'ambo ya Thu Bon, kuna kisiwa cha Cam Kim, na ukipata nafasi ya kuchagua, chagua kuvuka kwa boti badala ya daraja. Boti ya mbao, imepakwa macho mawili mbele ili ione njia, baiskeli zinapangwa zimelaliana, wewe unabanwa kati ya mama mwenye vikapu vya kuku na kijana mwenye tangi la gesi, injini inapiga tutututu hadi meno yanatikisika. Mama wa kuku alinishika mkono, akaulinganisha na wake, akanionyesha dole gumba. Basi urafiki umekwisha fungwa! Ukishuka ng'ambo, makelele ya mji yanabaki mtoni.

Cam Kim ndipo wanapokaa mafundi seremala wa Kim Bong. Babu zao ndio waliojenga nyumba nyingi za mji mkongwe, na wakaitwa hadi Hue kujenga kasri la wafalme, na mpaka sasa wanachonga na kuunda boti pale kando ya maji. Unaingia karakanani, takataka za randa zinafika vifundoni, laini, za joto, harufu tamu ya mbao mbichi, na fundi hainui kichwa, patasi inakwenda tik, tik, tik, ua linachomoza kwenye ubao mbele ya macho yako. Mtu wa Lamu au Unguja aliyekulia nyuma ya mlango wa nakshi asimame hapo nusu saa, asihimizwe. Mimi nilihimizwa, na hilo ndilo lalamiko langu pekee: baadhi ya ziara zinakimbizwa. Uliza kabla hujalipa kama mnaruhusiwa kukawia!

Maana nyumba iliyofuata nusura nihamie. Kina mama wawili wanafuma mkeka. Wanafuma, si kusuka! Sisi kwetu mkeka ni ukili, unasukwa kwa vidole, unaungwa kwa sindano, mtu anapiga soga huku mkono ukiendelea. Wao wana mtambo wa kufumia uliolazwa chini, nyuzi zimevutwa, ukangaga umepakwa rangi nyekundu ndu, manjano, kijani. Mmoja anachomeka unyasi kwa fimbo ndefu, fyuu, mwenzake anashusha ubao mzito, dufu! Fyuu, dufu! Fyuu, dufu! Hawatazamani hata mara moja. Nikapewa ile fimbo. Nikachomeka. Nikachelewa. Dufu ikashuka kabla sijatoa! Bibi akacheka akafuta machozi, akanipigapiga mgongoni, akanirudisha tena. Na nilipoipata, mwenzangu, nilipoipata ile mara tano sita mfululizo bila kukosea, fyuu, dufu, fyuu, dufu, nilijisikia nimezaliwa kisiwani. Kuna sehemu ya mkeka huo, kiasi cha kiganja, imepinda kidogo. Ni yangu hiyo!

Jirani yao wanatengeneza tambi za mchele. Mchele ulioloweshwa na kusagwa unapakwa juu ya kitambaa kilichowambwa kwenye chungu cha maji yanayochemka, unafunikwa, unahesabu pumzi chache, kisha mama anapitisha kijiti cha mwanzi chini yake na kuinua shuka zima, jeupe, linalong'aa, linalotetemeka. Moto, mvuke, jasho, na lile shuka halichaniki! Kuni zenyewe ni pumba za mpunga. Hakuna kinachotupwa: mchele tambi, pumba moto, majivu shambani, makapi kwa bata.

Njiani tukampita bibi anayesukuma baiskeli, hakuipanda, hakukuwa na pa kupanda, imesheheni mabua ya ukangaga yamemzidi urefu. Binti wetu akatuambia tusimdharau. Mwaka 1954, kwenye vita vya Dien Bien Phu dhidi ya Wafaransa, ni baiskeli za kusukuma namna hiyo zilizopenya milimani na mchele na risasi, moja ikibeba kilo 200 na zaidi, mwanzi umefungwa kwenye usukani ili msukumaji atembee pembeni. Wafaransa walikuwa na ndege. Nilikitazama kikapu changu kilichobeba chupa ya maji na mafuta ya kujikinga na jua, nikaona aibu kwa niaba yake.

Kituo cha machela! Sitaki kuruka hapa. Kando ya mto kuna vibanda vya kahawa visivyo na viti, vina machela tu, zimefungwa nguzo kwa nguzo, unajitupa ndani na miguu inaning'inia. Kahawa inashuka tone, tone, tone kutoka kwenye kichujio kidogo cha bati, nyeusi tii, nzito, inaangukia kwenye maziwa mazito ya kopo, unakoroga, unamwaga juu ya barafu. Ni robusta, jamii ile ile inayolimwa Bukoba, lakini wameikaanga kwa namna yao hadi inanuka chokoleti na siagi. Kali! Tamu! Baridi! Macho yanafunguka wakati mwili unalala. Pembeni wakaweka kibakuli cha korosho za kukaangwa, na binti akaniuliza natoka wapi. Tanzania, nikasema. Akainyooshea korosho kidole, akacheka: viwanda vya kwao hununua korosho ghafi nyingi mno kutoka Afrika, Tanzania ikiwemo, wanazibangua na kuziuza duniani. Huenda, nasema huenda, nilikuwa natafuna Mtwara! Halafu akatoa simu yake, laini ya Viettel, wale wale wenye Halotel yetu. Dunia hii ndogo jamani, nimenyonga baiskeli hadi mwisho wa Asia nikamkuta jirani.

Na bado! Cam Thanh sijakusimulia. Huko mto unakutana na bahari, na kuna msitu wa minazi ya majini, ile inayoota bila shina, makuti yanachomoza moja kwa moja kwenye tope, marefu, yamefungana, njia za maji zinapinda humo ndani mpaka huoni jua. Wapiganaji walijificha humo wakati wa vita na Wafaransa, wakajificha tena wakati wa Wamarekani, na ukiingia unaelewa kwa nini hawakupatikana. Wanaezekea makuti yake, kama pwani. Chombo cha kuingilia ni mtumbwi wa duara. Mviringo kamili! Ungo, mwenzangu, ungo mkubwa wa kukalia, na kwetu ungo kama si wa kupepetea mchele ni wa watu wa usiku kusafiria, kwa hiyo nilipanda nikisoma dua kimoyomoyo. Umesukwa kwa mianzi, umekandikwa kwa utomvu wa mti na mavi ya ng'ombe usipitishe tone. Wenyewe wanasimulia kwamba Wafaransa walitoza kodi mashua, nao wakasema hii si mashua, ni kikapu! Ukweli wake wanaujua wao, mimi nimeipenda hadithi. Mama anakaa mbele, anapiga kafi kwa namna ya kuchora nane majini, na chombo kisicho na mbele wala nyuma kinakwenda sawasawa anakotaka. Alinisukia panzi wa ukuti njia nzima, kafi mkono mmoja!

Hapa lazima niwe mkweli. Kuna upande wa Cam Thanh ambako spika zinapiga muziki hadi maji yanaruka, mitumbwi inazungushwa kama pia kwa watalii wanaopiga mayowe, foleni ya vikapu hadi huoni maji. Sikupenda. Sawa, nilizungushwa mara moja, nikapiga mayowe, ilikuwa raha sana, lakini sikupenda! Mwambie mwongozaji akupeleke njia za ndani, asubuhi mapema, kabla mabasi hayajafika. Utasikia kaa wakikwaruza kwenye tope, utaona samaki wanaorukaruka matopeni, na makuti yakisuguana juu ya kichwa.

Asubuhi ndiyo siri ya jambo zima, kwa kweli. Jua la saa tano huko halina huruma. Wenyeji wenyewe huwa wameshatoka shambani zamani, wamelala. Anza alfajiri, wakati ukungu bado umekalia mpunga na watoto wanakwenda shule wawili wawili kwenye baiskeli moja, wanakupungia, wanakupigia "Helo! Helo!" mpaka koo likukauke kwa kujibu. Na chagua msimu! Kuanzia Februari hadi Agosti ni kukavu. Oktoba na Novemba mto hupanda, hupanda kweli, unaingia mjini na kwenye nyumba. Nimeonyeshwa ukutani mistari ya mafuriko, miaka imeandikwa pembeni yake, mwingine unapita juu ya kichwa changu. Wenyewe wanakuonyesha huku wanatabasamu, wanakwambia samani huwa wanazipandisha juu kwa kapi kupitia tundu la dari. Tundu lenyewe nimeliona!

Sasa niache, binti ananipungia kule nje. Kuna mahekalu ya Wacham huko My Son, matofali mekundu, mahali pa ibada tangu karne ya 4, yako bondeni chini ya milima, na kumbe kuna njia ya kwenda kwa kunyonga, inapita vijijini tu, jaruba baada ya jaruba, boti, kahawa, machela. Ni mbali! Mapaja yanasema hapana. Nimeshalipa. Tunaondoka kesho kabla ya jua, baiskeli moja bado haina mtu, kiti chake nimekishusha kidogo kwa kimo chako, na binti anauliza una umri gani.